Kikopo kinachoamua kama mahindi ya Arash yatasagwa

*Umeme wa njia moja umefika Loliondo na mashine za kusaga zimeufuata. Kati ya nguzo na unga kuna kipande kidogo ndani ya mota, na mabishano makubwa kuhusu kijiji kinastahili umeme wa namna gani.*

ARASH, NGORONGORO

Msagaji anabonyeza swichi. Balbu ya ukutani inafifia, mota inatoa mngurumo mzito, puli haisogei. Anazima haraka, anashika mkanda na kuuvuta kwa mkono ili puli ipate mwendo, kisha anawasha tena kabla haijasimama. Safari hii inashika. Nje, kina mama waliokaa kwenye kivuli cha ukuta, punda wao wakiwa bado na magunia mgongoni, wanaanza kunyanyuka na madebe yao. Koko mmoja, yaani bibi kwa Kimasai, anapishwa mbele bila kuomba.

Kuvuta mkanda kumeshakuwa sehemu ya kazi, pamoja na kufunga chekecho na kupima debe. Ni kazi ya hatari. Mota ikiamka mkono ungali kwenye mkanda, puli hula vidole. Na ukiuvuta upande usio wake, mota inaweza kuzunguka kinyumenyume, kwa sababu mota iliyoharibika namna hii haina nguvu ya kushika upande wake. Inaweza kufuata ilikosukumwa.

Ukifungua kifuniko kilicho juu ya mgongo wa mota, mkosaji yuko wazi. Kuna vikopo viwili. Kimoja ni cheupe, kimeandikwa maikrofaradi 40 na volti 450, na kinaonekana kizima. Cha pili ni cheusi, kimevimba kichwani na kutoa majimaji ya kunata yaliyoshika vumbi la unga. Maandishi yake yamefutika, imebaki volti 250 tu. Hiki cheusi ndicho kapasita ya kuwashia. Kikifa, mota inabaki na uwezo wa kuendelea kuzunguka, ila haina nguvu ya kuanza.

Jina la Arash, kata ya wafugaji wa Kimasai katika tarafa ya Loliondo, limeandikwa sana magazetini kwa habari ya ardhi, hasa tangu Juni 2022, serikali ilipoweka mipaka ya eneo la kilomita za mraba 1,500 la Pololeti. Habari hiyo ni nzito na inastahili kurasa zake. Makala haya yanahusu jambo ambalo ni nadra kupata kichwa cha habari, ingawa linagusa kila jiko linalopika ugali na uji wa watoto.

Waya tatu, waya mmoja

Umeme wa gridi husafiri kwa njia tatu. Kati ya njia moja na nyingine kuna volti 400. Kati ya njia yoyote na waya wa nyutro kuna volti 230. Nyumba ya kawaida huchukua njia moja na nyutro, na hiyo inatosha kwa taa, redio, runinga na chaji ya simu.

Loliondo kwa miaka mingi ilikuwa mbali na gridi, ikiwashwa kwa jenereta za dizeli za TANESCO. Kazi ya kusogeza nguzo hadi vijijini ilibebwa na Wakala wa Nishati Vijijini, REA, uliozaliwa na sheria ya mwaka 2005 na kuanza kazi 2007. Leo serikali inahesabu vijiji vyote 12,318 vya Tanzania Bara kuwa vimefikiwa, na macho yamehamia kwenye vitongoji, ambavyo ni 64,359. Mwanakijiji analipa Sh27,000 kuunganishwa. Bei hiyo ni ya njia moja.

Ili fedha zifike mbali, laini nyingi zinazoelekea kwenye kaya zilizotawanyika hujengwa kwa njia moja. Waya ni chache, vikombe vya kushikia waya nguzoni ni vichache, transfoma ni ndogo. Kwa nchi ya wafugaji, ambako boma moja liko mbali na jingine, hesabu hiyo inaeleweka kabisa. Ila aliyeipiga alikuwa na balbu akilini. Wanakijiji, nguzo zilipochomoza, walikuwa na mashine ya kusaga akilini.

> Aliyechora laini alikuwa na balbu akilini. Wanakijiji walikuwa na mashine ya kusaga.

Kwa nini inanguruma tu

Mota za mashine ya kusaga hazina brashi wala sumaku ya kudumu, na ndiyo maana zinavumilia vumbi na kazi nzito. Kwenye ganda la nje kumesukwa waya wa shaba. Katikati kuna rota ya chuma yenye fito za alumini. Umeme ukipita kwenye waya, sumaku huzaliwa. Sumaku hiyo ikizunguka, huikokota rota nyuma yake. Sharti ni kwamba izunguke.

Kwenye njia tatu sharti hilo linatimia lenyewe. Mikondo mitatu hufika kwa zamu, kila mmoja ukiwa nyuma ya mwenzake kwa theluthi ya mzunguko, na sumaku hutembea duara bila kusaidiwa. Mwitaliano Galileo Ferraris alionyesha huko Turin mwaka 1885 kwamba hata koili mbili zinatosha kuunda sumaku inayozunguka, mradi mikondo yake isifike pamoja. Nikola Tesla akapata hataza zake Marekani Mei 1888. Mota za leo bado zinatembea juu ya wazo hilo.

Njia moja ina mkondo mmoja, na mkondo mmoja hauwezi kupishana na wenyewe. Sumaku yake inapanda na kushuka pale pale, mara 100 kwa sekunde, bila kwenda kulia wala kushoto. Fikiria baiskeli yenye pedali moja, nayo imesimama wima juu. Kanyaga utakavyo, gurudumu haliendi. Mtu akikusukuma kidogo kwa nyuma, pedali inavuka kilele, na kuanzia hapo mguu mmoja unatosha kukufikisha mbali. Mngurumo unaosikika mashineni ni kule kukanyaga pedali iliyo wima.

Kapasita ndiye msukumaji. Ndani ya mota ya njia moja kuna seti ya pili ya waya, imepachikwa pembeni ya ile kuu. Kapasita ikiunganishwa na seti hiyo, mkondo wake hutangulia ule wa waya mkuu kwa karibu robo ya mzunguko. Kwa umeme wetu wa mizunguko 50 kwa sekunde, robo hiyo ni sehemu 5 kati ya 1,000 za sekunde. Muda mfupi kiasi hicho unatosha: sumaku moja inafika kilele wakati nyingine iko sifuri, kisha zinabadilishana, na rota inajikuta ndani ya sumaku inayozunguka. Mota inapata upande wake na nguvu ya kuanza.

Inashangaza, na nalisema hili kwa heshima ya waliolibuni, kwamba jambo kubwa hivyo limefichwa kwenye kikopo kinachoenea kiganjani.

Cheusi cha sekunde, cheupe cha saa nyingi

Mota ya kusaga inahitaji kapasita mbili kwa sababu kuwaka na kukimbia ni kazi mbili tofauti.

Ya kuwashia, ile nyeusi, ina maikrofaradi nyingi, mara nyingi mamia. Ikiwa nzima, inaipa mota nguvu ya kuanzia ambayo inaweza kufika mara mbili au zaidi ya nguvu yake ya kawaida. Lakini imetengenezwa kufanya kazi kwa sekunde chache tu. Watengenezaji wengi huihesabia kuwashwa mara 20 kwa saa, sekunde 3 kila mara. Mota ikifikia kama robo tatu ya mwendo wake, swichi ndogo iliyo nyuma, inayotanuka kwa kasi ya mzunguko, huikata kapasita hiyo kwenye njia.

Hapa ndipo unga unapoingia, kwa maana halisi. Vumbi laini la mahindi huingia nyuma ya mota na kujaa kwenye swichi ile. Likishikana na grisi, swichi hukwama. Ikikwama imefunga, kapasita nyeusi haiachii: inachemka, inavimba, inapasuka. Ikikwama imefungua, mota haiwaki hata ukiweka kapasita mpya. Fundi asiyeifungua swichi na kuipuliza atamuuzia mteja kapasita kila baada ya muda mfupi, na kila mtu ataamini kwamba vipuri vya siku hizi ni feki.

Kuna tabia nyingine inayoziua kapasita, nayo inatokana na nia njema. Msagaji anaogopa kumaliza uniti za umeme za LUKU, hivyo anazima mota kila mteja akimaliza debe lake na kuwasha tena kwa anayefuata. Siku ya mnada, watu wakiwa wengi, kapasita inawashwa kupita kiasi ilichojengewa. Mota inayozunguka bila mzigo kwa dakika moja hula umeme kidogo; kapasita na swichi vikiungua, mashine inalala siku kadhaa. Wasagaji wenye uzoefu husubiri wateja watatu au wanne, wanasaga mfululizo, kisha wanazima.

> Mota ya kusaga ikilala, kina mama wanarudi kwenye safari ya mashine ya mbali, punda wakiwa na magunia yale yale.

Ile nyeupe ina tabia ya polepole. Ina maikrofaradi chache, makumi tu, na inabaki kwenye njia muda wote mota inapozunguka. Inalainisha mwendo, inapunguza mtetemo na kuisaidia mota kubeba mzigo bila kuchemka. Utando wa plastiki ulio ndani yake una uwezo wa kujiponya: umeme ukipiga mahali dhaifu, pale panaungua kidogo na kujitenga, kapasita inaendelea. Kila pigo linapunguza maikrofaradi. Baada ya miaka ya umeme unaokatika na kurudi kwa kishindo, kapasita ya 40 inaweza kupima 30, huku kwa nje iking'aa kama mpya. Mota inawaka, lakini inakosa nguvu debe likijaa, na ganda lake haligusiki kwa moto.

Mita ya kupimia maikrofaradi siku hizi si ghali na mafundi wengi wanayo. Kiwango cha kawaida ni asilimia 5 juu au chini: kapasita ya 40 iwe kati ya 38 na 42. Ikishuka wazi chini ya hapo, itolewe.

Volti zinapofika zimechoka

Mafundi wanalaumu kapasita, wauza kapasita wanalaumu mota, na wote wawili mara nyingine wanakosea, kwa sababu tatizo liko kwenye nguzo.

Nguvu ya mota kuanza haipungui sawasawa na volti. Inapungua kwa kipeo cha pili. Volti zikishuka kutoka 230 hadi 190, nguvu ya kuanzia inabaki kama theluthi mbili tu. Na mota yenyewe ndiyo inayozishusha. Mota ya HP 3 ya njia moja hutumia kama ampea 13 hadi 15 ikiwa kazini, lakini wakati wa kuwaka huvuta mara tano au sita ya hizo. Mkondo huo ukipita kwenye laini ndefu na nyembamba, volti zinazama, taa za majirani zinafifia, na mota inabaki ikinguruma kwenye volti ambazo hata kapasita mpya haiwezi kuziokoa.

Kwa hiyo kabla ya kununua chochote, apatikane mtu mwenye mita apime volti kwenye swichi kuu mara tatu: asubuhi, saa moja jioni wakati kila nyumba imewasha, na katika ile sekunde mota inapojaribu kuanza. Kipimo cha tatu ndicho kinachosema ukweli. Kikionyesha volti zinaporomoka, kinachotakiwa ni waya mnene zaidi kutoka kwenye mita ya LUKU, transfoma iliyo karibu, au mota ndogo zaidi. Nimeona kapasita zikibadilishwa moja baada ya nyingine pale ambapo waya mwembamba wa kutoka ukutani ndio uliokuwa na kosa.

Wanaodai njia tatu

Bungeni Dodoma, wabunge wa majimbo ya vijijini wamekuwa wakilisimamia jambo hili: kijiji kimewekewa umeme wa njia moja, mashine haziwezi kufanya kazi, kwa hiyo umeme huo ni wa taa tu. Hoja ina mizizi. Mota ya njia tatu ni ndogo kwa umbo, rahisi kwa bei, haina kapasita ya kuungua wala swichi ya kukwama. Kinu kikubwa chenye mashine ya kukoboa na ya kusaga, karakana ya kuchomelea, pampu ya kisima kirefu, vyote vinaitaka. Mota za njia moja zinazopatikana kwa urahisi madukani huishia karibu HP 3 hadi 5. Injini ya dizeli ya kinu cha kijiji mara nyingi ni HP 10 na zaidi. Aliyezoea kasi ya dizeli ataona mota ya njia moja inasaga polepole, na hatakuwa amekosea.

Wenye jukumu la kujenga laini nao wana hoja. Kuvuta njia tatu hadi kitongoji chenye kaya chache ni kuongeza waya, vikombe na uzito kwenye nguzo, na kila kilomita inayoongezwa hapo ni kilomita inayokosekana kwingine. Boma lililo gizani halitafurahia kusikia kwamba zamu yake imeahirishwa ili jirani apate kinu kikubwa.

Wa tatu katika mabishano haya ni wenye mashine za dizeli. Wao wanasema umeme ukikatika wao wanaendelea, na fundi wa injini yuko kila mahali. Ni kweli. Lakini mafuta yao hupanda lori hadi Loliondo, na bei ya lori imo ndani ya kila debe linalosagwa.

Maoni yangu ni haya. Kwa kitongoji chenye mashine moja ya kusaga, njia moja yenye mota sahihi ya HP 3, volti zilizopimwa na kapasita zilizochaguliwa kwa kusoma maandishi yake, inatosha kulisha watu. Kuambiwa kwamba haiwezekani kumewafanya baadhi ya watu waache kujaribu. Lakini kwenye kituo cha biashara, penye mnada, zahanati, shule na kisima, njia moja ni kuwafunga watu mikono, na hapo madai ya njia tatu ni ya haki. Tofauti hiyo ijulikane kabla nguzo hazijachimbiwa, kwa kuwauliza wenye kijiji wanataka kuendesha nini.

Ujanja unaofanya kazi nusu

Kuna njia ya kati ambayo mafundi wanaipenda: kuchukua mota ya njia tatu, kuiunganisha kwenye njia moja, na kuiwekea kapasita mahali pa njia iliyokosekana. Inawezekana. Kwa volti 230 hesabu ya kawaida ni karibu maikrofaradi 70 kwa kila kilowati. Mota itatoa kama theluthi mbili ya nguvu yake, na kuanza kwake kutakuwa dhaifu. Kwa feni au mashine ndogo ya kunolea ni sawa, kwa kinu kilichojaa mahindi si sawa.

Kizuizi kingine kimeandikwa kwenye kibati cha mota na wengi hawakisomi. Penye 230/400, mota inaweza kuunganishwa upya ikakubali volti 230. Penye 400/690, kama zilivyo mota nyingi kubwa, haitakubali, na kapasita zote za Arusha hazitaibadilisha.

Ufumbuzi ulio bora zaidi siku hizi ni kifaa cha kielektroniki kinachopokea njia moja na kutoa njia tatu, aina ile ile ya teknolojia inayoendesha pampu za sola kwenye visima. Kinaiwasha mota taratibu, bila ule mvuto mkubwa wa mwanzo unaofifisha taa za majirani. Kwa mota ya hadi kilowati 2.2 vinapatikana bila shida kubwa. Adui yake ni joto na vumbi, na kinu kina vyote viwili, kwa hiyo kinatakiwa kisanduku chake kilichofungwa vizuri, nje ya chumba cha kusagia.

Kusoma kikopo

Kipuri kikiharibika Arash, kinatafutwa Wasso, kikikosekana kinaagizwa Karatu au Arusha, na anayeagiza kwa simu mara nyingi hutaja rangi na ukubwa tu. Rangi haisemi kitu.

Kapasita ya kuendeshea, ile nyeupe, imeandikwa mambo yake ubavuni. Maikrofaradi ziwe zile zile za zamani; ukizidisha ukidhani unaongeza nguvu, waya wa seti ya pili utachemka. Volti zisiwe chini ya zile za zamani: ndani ya mota, volti kwenye kapasita hii hupanda juu ya zile za ukutani, ndiyo maana ikaandikwa 450 wakati umeme ni 230. Kisha kuna herufi ambayo karibu hakuna anayeiuliza. A ni saa 30,000 za kazi, B ni 10,000, C ni 3,000, D ni 1,000. Kapasita mbili zinaweza kufanana kama mapacha na moja ikaishi mara 10 ya nyingine. Namba za mwisho, mfano 25/70/21, zinaeleza mazingira: hiyo ya katikati ni joto la juu inalovumilia, nyuzi 70. Kwa chumba cha bati chenye mota inayochemka, ikipatikana yenye 85 ni bora.

Kabla ya kuigusa ya zamani, umeme uzimwe kwenye swichi kuu, na kapasita imalizwe chaji yake. Hubaki na umeme hata mota ikiwa imesimama, wa kutosha kumrusha mtu nyuma. Wengi huunganisha ncha zake kwa bisibisi na kutoa cheche. Ni salama zaidi kuzigusisha na waya za balbu ya zamani ya kioo hadi iishiwe.

Mota ikipelekwa kusukwa Karatu, kibati chake na ubavu wa kapasita zote mbili vipigwe picha kwanza, pamoja na mpangilio wa waya kwenye terminali. Picha hizo zitumwe dukani, na muuzaji atume picha ya anachopakia kabla gari halijaondoka. Akisema ya 450 imekwisha ila ipo ya 250, jibu ni kusubiri gari la kesho.